Mpindo Mmoja Ndani ya Mti

Tunda la mlama lina mabawa manne. Likikauka huwa jepesi kama karatasi, na upepo wa kiangazi ukilichukua huzunguka sana kabla ya kutua. Sisi tuliokulia kwenye miombo tulikuwa tukiyarusha juu, tukishindana la nani litakawia kushuka. Mlama kwetu ulikuwa kuni, mkaa na mpini wa jembe, na kwa wazee wachache ulikuwa mizizi ya kuchemsha mtu anapoumwa tumbo. Miaka mingi baadaye nilisoma kwamba ndugu yake mmoja wa kusini ndiye aliyewapa wakemia kitu kinachoweza kuukatia damu uvimbe wa saratani. Nikalitafuta tena lile tunda, nikaliweka mezani, na hadi leo lipo hapo.

Ndugu huyo Waxhosa humwita umdubu. Huota kandokando ya mito ya jimbo la Rasi ya Mashariki, Afrika Kusini, na matunda yake yana mabawa manne kama ya milama yetu. Jenasi yao ni moja, Combretum, yenye spishi zipatazo 250. Jina la pili la umdubu, lile linaloutofautisha na ndugu zake, lilikuwa caffrum. Msomaji wa Kiswahili atalisikia humo neno kafiri, na hatakuwa amekosea. Wafanyabiashara Waarabu waliwaita hivyo watu wa huku wasiokuwa Waislamu, Wareno wakalichukua, Waholanzi wakalipokea, na huko kusini likaishia kuwa tusi zito la ubaguzi. Mwaka 2024 wataalamu wa mimea wa dunia walikutana Madrid wakapiga kura kwamba majina yote ya mimea yenye neno hilo yasomwe afra, afrum, yaani ya Afrika. Nilifurahi kuliko nilivyotarajia. Mti uliofanya kazi hii haukustahili kutukanwa kila unapotajwa.

Imeandikwa kwamba Wazulu walitumia unga wa gome la mizizi ya umdubu kama dawa ya kumwangamiza adui. Lakini wakemia hawakufika kwenye mti kwa njia hiyo. Walifika kwa njia ya kuchosha zaidi: kukusanya kila kitu. Kuanzia mwaka 1960 Taasisi ya Taifa ya Saratani ya Marekani, ikisaidiwa na idara ya kilimo ya nchi hiyo, ilikuwa ikiokota mimea kila pembe ya dunia, ikiisaga na kuikamua, na kuijaribu dondoo moja baada ya nyingine. Hadi mpango huo ulipofungwa mwanzoni mwa miaka ya 1980, dondoo zaidi ya 100,000 zilikuwa zimepimwa. Nyingi mno hazikuwa na kitu. Umdubu uliokotwa kusini mwa Afrika katika miaka ya 1970, kwa msaada wa taasisi ya utafiti wa mimea ya Afrika Kusini, ukatiwa kwenye foleni hiyo ndefu pamoja na maelfu ya magome, majani na mizizi ambayo hakuna aliyeyakumbuka tena.

Aliyeupokea ni George Robert Pettit. Alizaliwa New Jersey mwaka 1929, akafundisha Chuo Kikuu cha Maine, kisha mwaka 1965 akahamia Chuo Kikuu cha Jimbo la Arizona, kwenye jua na vumbi, akakaa huko hadi uzeeni. Alifariki mwaka 2021. Kazi yake yote ilikuwa moja: kuchukua kiumbe, mti au mdudu wa baharini, na kutafuta ndani yake kile kitone kimoja kinachozuia seli za saratani zisizaliane. Mfano mmoja unatosha kumweleza. Mwaka 1972 alipata kutoka Mauritius konokono mmoja wa bahari asiye na gamba la nje, wa aina inayoishi pia kwenye miamba ya Bahari ya Hindi upande wetu. Umbo la molekuli aliyokuwa akiitafuta ndani ya kiumbe huyo alilifahamu kikamilifu mwaka 1987. Ni miaka 15 juu ya konokono. Mjukuu wa molekuli hiyo leo yumo ndani ya brentuksimabu vedotini, dawa ya limfoma iliyoidhinishwa Marekani mwaka 2011.

Ufundi wenyewe unafanana sana na jikoni, na ningependa kuueleza polepole, kwa sababu watu husikia neno maabara wakadhani ni mashine tu.

Kwanza mti husagwa. Mbao kavu za umdubu zilifika zikiwa vipande, zikawa unga, na unga ukalowekwa kwenye kiyeyusho kwa siku kadhaa, kama mtu anavyoloweka mihogo. Kiyeyusho hunywa kila kilichomo: mafuta, nta, rangi, utomvu, sukari, na mahali fulani katikati ya fujo hiyo, kile kitone. Kisha huongezwa maji. Vimiminika vinajitenga matabaka mawili, la juu na la chini, kama tui linavyojitenga na maji yake likiachwa litulie. Vilivyopenda maji vinakwenda huku, vilivyopenda mafuta vinakwenda kule. Mkemia anachukua tabaka moja, analikausha, anapata kitu kama lami. Anakiyeyusha tena kwa kiyeyusho kingine, anatenganisha tena, anakausha tena.

Halafu inakuja bomba la kioo. Nimewahi kusimama asubuhi nzima mbele ya bomba kama hilo katika maabara ya chuo kimoja, na sijapata kuona kazi nyingine iliyo kimya namna ile. Bomba limesimama wima, limejazwa unga mweupe laini. Juu yake dondoo imemiminwa kama utepe mwembamba wa kahawia. Kiyeyusho kinateremka tone kwa tone, na ule utepe unaanza kupasuka: rangi moja inakimbia mbele, nyingine inabaki nyuma, nyingine inajikokota katikati. Kila molekuli hushikwa na ule unga kwa nguvu yake, na kwa hiyo kila moja hushuka kwa mwendo wake. Chini yake kuna safu ya vichupa vinavyobadilishwa kimoja baada ya kingine, kila kimoja kikiwa na namba yake. Kijana aliyekuwa akivibadilisha alikuwa amekaa kwenye kigoda. Hakuwa na haraka. Aliniambia kwamba akiharakisha tepe mbili zitachanganyika na wiki yake yote itakuwa imepotea.

Vichupa hivyo havisemi lolote. Kwa macho vyote ni maji yenye rangi hafifu au yasiyo na rangi kabisa. Kwa hiyo kila kimoja hupelekwa mbele ya seli zilizo hai ziulizwe: je, hiki kinawadhuru? Kinachodhuru kinarudishwa kwenye bomba jingine kikapasuliwe tena, vilivyobaki vinawekwa kando. Ni kama kumtafuta mtu mmoja ndani ya soko la Kariakoo kwa kuuliza kila mlango, na kila ukiambiwa amepita hapa, unaanza upya kuuliza vyumba vya nyumba hiyo.

Na hapo ndipo njia ya umdubu ilipopotea. Dondoo ya kwanza ilionyesha nguvu kwa panya waliopandikizwa lukemia, lakini kadiri Pettit na wenzake walivyozidi kuichambua, kipimo hicho kikawa kigeugeu. Nguvu iliyoonekana kwenye mchanganyiko haikufuatana na vipande vyake kwa namna ya kuaminika. Wengi wangeufunga mti huo na kuurudisha kwenye foleni. Wao walibadilisha swali. Walichukua seli za uvimbe wa ubongo wa panya ambazo, zikiguswa na kitu cha aina fulani, hubadilika umbo na kuanza kufanana na seli za kawaida. Badala ya kuuliza kichupa kinaua nini, wakauliza kinabadilisha umbo la nini. Seli zikajibu. Mwaka 1982 wakatangaza molekuli ya kwanza, wakaiita kombretastatini.

Nasisitiza jambo hili la umbo kwa sababu ndilo linalonifanya niipende habari hii. Kitone hiki kilipatikana kwa sababu kilibadilisha sura ya seli, na miaka 15 baadaye ilikuja kuonekana kwamba kazi yake yote mwilini ni hiyo hiyo.

Molekuli ya kwanza haikuwa ya mwisho. Umdubu ulikuwa na ukoo mzima humo ndani, na Pettit aliuandika kwa herufi na namba: A, B, C, D, kila herufi tawi, kila namba mtoto. Ilichukua miaka mingine, na mbao nyingi mno kwa miligramu chache, hadi mwaka 1989 alipotangaza A-4. Huyu alikuwa mdogo kwa umbo kuliko wengi katika ukoo, na mwenye nguvu kuliko wote waliomtangulia.

Nitajaribu kumchora. Chukua pete mbili bapa. Moja ina vishikio vitatu vinavyofanana, vimepangwa mfululizo ukingoni. Nyingine ina viwili, kimoja kama vile vya mwenzake na kingine kifupi zaidi. Pete hizo zimeunganishwa na kaboni mbili tu, zilizoshikana kwa mkono wa mara mbili, na mkono wa namna hiyo hauzunguki. Sasa kuna njia mbili za kuzipanga. Pete zinaweza kukaa pande tofauti za mkono, molekuli ikanyooka kama fimbo. Au zinaweza kukaa upande mmoja, zikaelekeana, molekuli ikapinda kama kiwiko. Umdubu hutengeneza ile iliyopinda. Iliyonyooka ina atomi zile zile, idadi ile ile, uzito ule ule, lakini nguvu yake ni sehemu ndogo sana ya nguvu ya mwenzake.

Mkemia huujuaje mpindo asiouona? Huuliza sumaku. Molekuli huwekwa ndani ya sumaku kali na hidrojeni zake zikapigwa na mawimbi ya redio. Hidrojeni mbili zilizokaa kwenye ule mkono wa katikati husikilizana, na ukubwa wa kusikilizana kwao hupimwa kwa hezi. Zikiwa upande mmoja, namba huwa karibu na 12. Zikiwa pande tofauti, huwa karibu na 16. Tofauti hiyo ndogo, mistari miwili kwenye karatasi iliyosogeleana au kuachana kidogo, ndiyo inayomwambia fundi kama ameshika dawa au fimbo. Mtu aliyezoea huitambua kwa kutupa jicho, kama mama anavyojua wali umeiva kwa harufu.

Kuutunza mpindo huo ni kazi nyingine. Molekuli iliyopinda imebanwa, pete zake zinasukumana, na ikipata nafasi ingependa kunyooka. Joto huipa nafasi hiyo. Mwanga pia. Kwa hiyo hukaa kwenye chupa za kahawia, zimefungwa, gizani. Na mtu akitaka kuitengeneza kwa mkono bila kukata mti, hutumia mbinu ya Georg Wittig, Mjerumani aliyepata nusu ya tuzo ya Nobel ya kemia mwaka 1979, ambayo huunganisha vipande viwili kwa mkono wa mara mbili. Lakini mbinu hiyo huzaa mapacha wote wawili, aliyepinda na aliyenyooka, na kazi inabaki kuwatenganisha. Inafanyika kwa kuyeyusha na kugandisha, na kwa kurudi kwenye lile bomba la kioo.

Uzuri wa jambo hili ni kwamba molekuli ni ndogo kiasi cha kutengenezeka. Umdubu ulinusurika. Sisi Afrika Mashariki tunajua mambo yanaweza kwenda vingine. Katika miaka hiyo hiyo ya 1970 kilipatikana ndani ya kichaka cha jenasi ya Maytenus, kule Shimba Hills, Kwale, kitone kingine chenye nguvu dhidi ya saratani, maitansini. Hicho hakikutengenezeka kirahisi, na tani zaidi ya 27 za kichaka hicho zilikatwa na kusafirishwa Marekani. Majaribio ya kwanza kwa wagonjwa yaliishia kwenye madhara makali. Ilipita miongo kabla kizazi cha maitansini hakijafungwa kwenye kingamwili na kuwa dawa ya saratani ya matiti. Watu wa Kwale wanapaswa kuijua habari hiyo, na kuidai kuwa yao.

Turudi kwa A-4, kwa sababu bado ilikuwa na kasoro moja inayoua dawa nyingi kabla hazijafika kwa mgonjwa: haikuyeyuka katika maji. Dawa ya kudungwa kwenye mshipa isiyoyeyuka ni mchanga. Pettit akakitafutia kile kishikio kifupi cha pete ya pili kofia ya fosfati, yenye chumvi, inayopenda maji. Ikivishwa kofia hiyo molekuli hailali kwenye chochote wala haifanyi kazi, lakini inayeyuka vizuri. Ikishaingia kwenye damu, vimeng'enya vya mwili wenyewe, ambavyo kazi yake ya kila siku ni kunyofoa fosfati, huivua kofia, na A-4 ikabaki wazi mahali inapohitajika. Ni utaratibu mwepesi kiasi kwamba mtu anaweza kupita bila kuustaajabia. Fundi mzuri hutumia nguvu iliyopo, kama nahodha wa jahazi anayejua kusi itaanza lini.

Hadi hapo watu wengi waliiona A-4 kama moja ya sumu za kawaida za seli zinazogawanyika. Ilikuwa inajulikana kwamba hushika protini iitwayo tyubulini, mahali pale pale panaposhikwa na kolchisini, dawa ya kale ya jongo. Kolchisini hupatikana pia kwenye lile ua la porini lenye petali zilizojikunja juu kama ndimi za moto, ambalo ni ua la taifa la Zimbabwe na huota hata kwetu. Na tangu mwaka 1937 Waingereza wawili, Eric na Margaret Boyland, walikuwa wameandika kwamba kolchisini huvujisha damu ndani ya uvimbe wa panya. Shida ilikuwa kipimo: kiasi cha kufanya hivyo kilikaribia kiasi cha kumuua panya mwenyewe. Andiko lao likakaa.

Waliolifufua wazo hilo walikuwa kwenye Maabara ya Gray, kando ya hospitali ya Mount Vernon huko Northwood, pembezoni mwa London. Juliana Denekamp alikuwa akisisitiza tangu mwanzoni mwa miaka ya 1980 kwamba mishipa ya damu ya uvimbe si mishipa ya kawaida, na kwamba ukiipiga hiyo huhitaji kuifikia kila seli ya saratani. Mshipa mmoja hulisha maelfu. Dai Chaplin, Gillian Tozer na wenzao wakachukua A-4 yenye kofia, na mwaka 1997, Pettit akiwa miongoni mwa waandishi, wakaonyesha kwamba kwa kipimo kilicho sehemu ya kumi tu ya kile ambacho panya angeweza kustahimili, mishipa iliyokuwa ikifanya kazi ndani ya uvimbe ilipungua kwa zaidi ya asilimia 90 ndani ya saa 6. Mishipa ya viungo vingine iliendelea na kazi.

Kwa nini hii na si ile? Jibu liko kwenye ujenzi, na nyumba ya miti na udongo hulieleza vizuri. Seli inayotandaza ukuta wa ndani wa mshipa ni bapa, nyembamba, imejinyoosha kama mkeka. Kinachoishikilia hivyo ni fito za tyubulini zilizo ndani yake. Katika mshipa uliokomaa, fito hizo si tegemeo pekee: kuna kamba nyingine za protini zilizokazwa, na nje kuna seli za kukumbatia mshipa kama boriti zinavyokumbatia ukuta. Mshipa wa uvimbe umejengwa haraka haraka. Hauna boriti za kutosha, udongo haujakauka, na damu inapita wakati ujenzi unaendelea. Ukuta wake unasimama kwa fito tu. A-4 inapoingia, fito zinasambaratika. Seli iliyokuwa mkeka inajikunja kuwa mpira. Mipira ikijaa ndani ya mrija mwembamba, njia inaziba. Mianya inabaki kati yao, maji ya damu yanavujia nje, seli nyekundu zinabaki zimerundikana bila maji ya kuzibeba. Damu inapunguza mwendo, inasita, inasimama. Na kilichokuwa kikilishwa na mshipa huo kinakufa kwa njaa.

Tozer na wenzake waliyaona hayo kwa macho. Walikuwa na mbinu ya kumwekea panya kidirisha chenye kioo juu ya uvimbe mdogo uliokuwa ukikua kwenye tabaka jembamba, kisha wakakaa kwenye darubini wakitazama seli nyekundu zikipita. Dakika chache baada ya dawa, mwendo ulianza kupungua. Nafikiria mara nyingi kuhusu kukaa kule. Mtu amevaa koti jeupe, jicho kwenye darubini, chumba kina giza, na chini yake mto mwekundu unaelekea kukauka. Miaka 20 na zaidi kabla ya hapo mtu mwingine alikuwa kando ya mto wa kweli, kusini mwa Afrika, akikata tawi na kuandika namba kwenye kibandiko.

Wagonjwa wa kwanza walipewa dawa hiyo mwishoni mwa miaka ya 1990, Uingereza na Marekani. Ilileta maumivu ndani ya uvimbe wenyewe, ilipandisha shinikizo la damu, na moyo ulihitaji kuangaliwa. Lakini katika kundi la kwanza kule Cleveland alikuwepo mgonjwa mmoja mwenye saratani ya tezi ya shingo ya aina kali kuliko zote, ile ambayo kwa kawaida humchukua mtu ndani ya miezi. Uvimbe wake ulitoweka wote. Ripoti ilipochapishwa mwaka 2002, ilikuwa imepita miezi 30 tangu atibiwe na alikuwa hai.

Mgonjwa mmoja hafanyi dawa, na waliomtibu walilijua hilo kuliko mtu mwingine yeyote. Jaribio lililofuata juu ya saratani hiyo hiyo lilipata wagonjwa 80 tu kabla ya kufungwa, maana ugonjwa wenyewe ni adimu na hausubiri. Waliopewa A-4 pamoja na dawa za kawaida waliishi kwa wastani wa kati wa miezi 5.2, wasiopewa miezi 4. Baada ya mwaka mmoja, asilimia 26 ya wa kwanza walikuwa hai, dhidi ya asilimia 9 ya wa pili. Namba zinaelekea upande mzuri lakini watu walikuwa wachache mno kuzithibitisha. Kwa saratani ya ovari iliyorudi, wanawake 107 walishiriki jaribio la kuiunganisha na bevasizumabu, dawa inayozuia mishipa mipya isiote: ugonjwa ulikaa bila kuendelea kwa miezi 7.3 badala ya 4.8. Jaribio lililofuata lilisimamishwa mwaka 2017, kwa kuwa faida iliyotarajiwa haikuonekana.

Kinachoikwamisha dawa kinajulikana, na kilianza kuonekana tangu kwa panya. Ukiupasua uvimbe siku moja baada ya A-4 utakuta katikati yake pamekufa, lakini ukingoni kumebaki utando mwembamba wa seli hai. Utando huo haulishwi na mishipa mibovu ya uvimbe. Unalishwa na mishipa mizima ya jirani, ile yenye boriti, ambayo dawa haiigusi. Sifa ile ile inayomwokoa mgonjwa ndiyo inayouokoa utando. Anayejua miti ameshaona kitu hiki: mlama uliooza kiini ukabaki gome tupu, na mvua za kwanza zikinyesha gome hilo linachipua.

Naandika haya nikijua kwamba A-4 haiuzwi katika duka lolote la dawa kama tiba ya saratani. Wapo watakaosema basi kazi yote ilikwenda bure. Sikubaliani nao hata kidogo. Kabla ya umdubu, kuukatia uvimbe damu kwa saa chache bila kumuua mwenye uvimbe lilikuwa wazo la Waboyland lililofeli. Leo mpindo ule, pete mbili na kiwiko, huchorwa na kuchorwa tena na wakemia wa nchi nyingi, kila mmoja akibadilisha kishikio hapa, akikaza mkono pale ili usinyooke.

Kundi moja la Munich lilifanya jambo ambalo naona lazima lilimfurahisha Pettit, aliyekuwa bado hai. Kwa miongo mwanga ulikuwa adui wa molekuli hii, sababu ya chupa za kahawia. Wao walizitoa zile kaboni mbili za katikati, wakaweka nitrojeni mbili mahali pake. Sasa gizani molekuli hukaa imenyooka, haidhuru kitu. Ukiimulika kwa mwanga wa buluu inapinda, inashika tyubulini, fito zinaanguka. Ukiimulika kwa kijani inanyooka tena, na fito zinajengeka upya. Mwaka 2015 walichapisha picha za seli hai moja moja zikisimamishwa na kuachiwa kwa taa, mbele ya macho yao, mara nyingi kadiri walivyotaka.